Kushika Kamera Nako Ni Kazi?

Kikao cha harusi kimekaa Mnazi, chini ya mwembe, wiki mbili kabla ya ndoa. Mwenyekiti anasoma bajeti. Mchele umepita, ng'ombe amepita, maturubai na viti vimepita, na muziki umepita baada ya mabishano kidogo. Ikafika zamu ya mpiga picha. Mama mmoja akainua mkono.

"Mwenyekiti, hapo mimi sijaelewa. Mpishi anakesha jikoni na moshi machoni. Huyu wa kamera si anabonyeza tu? Kushika kamera nako ni kazi?"

Hakuna aliyemjibu. Bajeti ya kamera ikakatwa nusu, kikao kikaendelea na habari ya kuni.

Swali la mama huyo nimelisikia Mnazi, Lushoto mjini, Korogwe na Dar es Salaam. Mzazi huliuliza pale kijana wake anapomaliza kidato cha nne na kusema anataka kuwa kameramani. Vijana nao huliuliza wakitoka banda umiza, yaani kibanda cha kuonyeshea video, baada ya kutazama filamu mbili mfululizo: waigizaji tunawajua kwa majina, lakini aliyetuonyesha yote haya ni nani, na alianzia wapi?

Ni swali la haki, na linastahili jibu kamili. Katika sura hii tutalijibu kwa kufuata njia za watu walioishika kamera kweli. Tutaanza na kazi yenyewe, kisha tupande Vugiri, kwenye milima hiihii ya Usambara, mahali ambapo filamu zilitengenezwa tangu mwaka 1935. Tutapita Ufaransa kwa muda mfupi. Halafu tutakaa na mtoto wa Afrika Mashariki, Mohamed Amin, ambaye picha zake za asubuhi moja zilitikisa dunia nzima.

Kazi tatu ndani ya kazi moja

Kwanza tujue filamu ni nini. Picha inayotembea, kwa kweli, haitembei. Ni picha nyingi zilizosimama, zinazopita mbele ya jicho upesi mno mpaka jicho linaziunganisha kuwa mwendo mmoja. Katika sinema kiwango kilichozoeleka ni picha 24 kwa sekunde. Dakika moja ya filamu, basi, ni picha 1,440. Anayeshika kamera ndiye anayehakikisha kila moja kati ya hizo ina mwanga wa kutosha, imekaa sawa, na ina jambo la kumwambia mtazamaji.

Kazi yake ina sehemu tatu.

1. Kusoma mwanga. Kamera haioni kama jicho lako. Jicho huona uso ulio kivulini na mlima ulio juani kwa wakati mmoja. Kamera hushindwa, na lazima mtu aiamulie ione kipi.
2. Kupanga fremu. Fremu ni mipaka ya picha, kama mbao nne za dirisha. Kilicho ndani kitaonekana, na kilicho nje, kwa mtazamaji, hakipo kabisa. Hapo ndipo ulipo uwezo wa mpiga picha, na pia dhamana yake.
3. Kuwepo. Picha haipigwi kwa kusimuliwa. Lazima ufike, ufike mapema, ukubaliwe na watu, na usubiri.

Turudi harusini tuone sehemu ya kwanza kwa karibu. Mnazi iko chini, kwenye tambarare ya upande wa Mkomazi, si juu kwenye baridi ya Lushoto. Saa sita mchana jua liko utosini. Bwana harusi anatoka na kanzu nyeupe pee. Kamera ikiachwa ijipimie mwanga yenyewe, itauona weupe mwingi wa kanzu, itadhani mwanga umezidi, itabana tundu lake la mwanga. Matokeo yake kanzu itaonekana, lakini uso utakuwa giza na macho hayataonekana. Miaka ishirini baadaye watoto wake watatazama video ile na kuona kanzu isiyo na mtu.

Mpiga picha anayeijua kazi hufanya mambo mawili. Humvuta bwana harusi hatua tatu hadi ukingoni mwa kivuli cha mwembe, pale ambapo jua halimchomi utosini lakini ardhi kavu iliyo mbele yake inarudisha mwanga usoni kutoka chini. Kisha hupima mwanga wa uso, si wa kanzu. Inachukua nusu dakika, na wageni hudhani anampanga tu bwana harusi apendeze. Nusu dakika hiyo ndiyo tofauti kati ya kumbukumbu na hasara.

Kwa ufupi: kubonyeza ni sehemu ndogo kabisa ya kazi. Kazi yenyewe ni kuamua, na uamuzi hufanywa kabla kidole hakijagusa kitufe.

Vugiri, 1935: sinema inapanda Usambara

Wengi wetu hudhani filamu ni jambo la mbali, la Ulaya, Marekani, India, na siku hizi Nigeria. Lakini Usambara ina historia yake, na ni ya zamani kuliko umri wa wazee wengi tunaowajua.

Mwaka 1935 mradi mmoja wa filamu uliweka makao yake Vugiri, juu ya milima, upande wa Korogwe. Uliitwa kwa kifupi BEKE, na maana yake ilikuwa Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Sehemu kubwa ya fedha ilitoka shirika la Carnegie la Marekani, na watu wa misheni walikuwa miongoni mwa walioubuni. Upande wa kutengeneza filamu aliushika Meja Notcutt, Mwingereza aliyewahi kusimamia mashamba makubwa Afrika Mashariki. Upande wa elimu aliushika mwenzake, Latham.

Kwa muda wa miaka miwili hivi walitengeneza filamu fupi 35. Walitumia filamu ya milimita 16, yaani utepe mwembamba na wa bei nafuu kuliko ule wa sinema kubwa. Sauti ilirekodiwa pembeni, kwenye santuri, ili filamu moja iweze kusimuliwa kwa lugha mbalimbali. Kisha lori lilibeba mtambo wa kuonyeshea na kuzunguka Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi jirani, likionyesha filamu usiku katika uwanja wa wazi.

Filamu hizo zilihusu minyoo, malaria ya watoto, mmomonyoko wa udongo, chai, kodi. Moja ilikuwa juu ya akiba ya posta: mfanyakazi mmoja anazifukia pesa zake ardhini na mwizi anazichukua, mwenzake anaziweka posta na zinabaki salama. Walioigiza walikuwa Waafrika. Kazi ya kuosha filamu ilifanyika palepale Vugiri, na wasaidizi Waafrika walifundishwa kuifanya. Kuosha filamu ni kuichovya kwenye dawa gizani ili picha itokee, kisha kuisuuza kwa maji mengi safi. Kwa hiyo zaidi ya miaka 80 iliyopita, juu ya milima hii, walikuwepo watu wa kwetu waliokuwa wakitazama picha ikitokea kwenye utepe, gizani, mikono ikinuka dawa. Majina yao karibu yote yamepotea.

Tukumbuke jambo moja kuhusu mradi ule. Walioamua kipi kionekane walikuwa wageni. Mwafrika alikuwa mbele ya kamera akifundishwa kuweka akiba, au alikuwa chumba cha giza akisuuza filamu. Hakuwa nyuma ya kamera akiamua. Hakuna filamu ya BEKE iliyomuuliza mkata mkonge analipwa kiasi gani, au mkulima wa Usambara anafikiri nini juu ya kodi. Filamu juu ya kodi ilikuwepo, na ilisimuliwa kwa upande wa mwenye kuitoza.

Kwa ufupi: kamera ilifika Usambara mapema sana, lakini iliyaona mambo kutoka pale alipokuwa amesimama mwenye nayo.

Mfaransa kwenye kiti cha magurudumu

Neno sinema asili yake ni kwa Wafaransa. Ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walikiita chombo chao *Cinématographe*, na tarehe 28 Desemba 1895 kilionyesha filamu mbele ya watazamaji waliolipa kiingilio, katika mkahawa mmoja mjini Paris. Tangu hapo Ufaransa imeendelea kumheshimu mtu wa kamera kama fundi mwenye jina lake, na ukitaka kujua kazi hii inavyoweza kukua, njia ya Raoul Coutard inafundisha sana.

Coutard alizaliwa Paris mwaka 1924. Hakuanza na filamu. Alikuwa mpiga picha za kawaida katika vita vya Indochina, nchi zile ambazo leo ni Vietnam, Laos na Kambodia. Vita havimpi mtu nafasi ya kupanga taa. Unapiga kwa mwanga uliopo, kwa upesi, na ukikosa umekosa.

Mwaka 1959 aliingia mitaa ya Paris kupiga filamu ya Jean-Luc Godard, *À bout de souffle*, iliyotoka 1960. Fedha zilikuwa kidogo. Badala ya reli maalumu ya kusukumia kamera, Coutard aliketi kwenye kiti cha magurudumu, kile cha wagonjwa, akasukumwa huku anapiga. Barabarani alijificha ndani ya kigari cha posta ili wapita njia wasiitazame kamera. Mwanga wa usiku ulipokuwa hafifu, walichukua filamu za kamera za kawaida zilizohimili mwanga mdogo, wakaziunganisha kipande kwa kipande zipate urefu wa kutosha.

Wakati ule wakubwa wa studio waliamini picha ya sinema lazima iwe na taa nyingi na kamera iliyotulia. Filamu hiyo ilibadilisha mawazo yao. Coutard akaendelea kupiga filamu nyingi, ikiwemo *Jules et Jim* ya François Truffaut na *Z* ya Costa-Gavras. Ufundi aliousomea vitani, wa kutumia kilichopo, ndio uliomtengenezea jina.

Nimemleta Coutard hapa kwa sababu kijana wa Lushoto huniambia kila mara, "Mwalimu, sina vifaa." Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, kwani vifaa ni ghali. Lakini moja ya filamu zinazosifiwa zaidi katika historia ya Ufaransa ilipigwa na mtu aliyekaa kwenye kiti cha wagonjwa.

Kijana wa Dar na kamera ya shilingi 40

Sasa turudi nyumbani. Mohamed Amin alizaliwa Nairobi tarehe 29 Agosti 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli mwenye asili ya Punjab. Familia ikahamia Dar es Salaam, na huko ndiko alikokulia na kusoma. Akiwa na umri wa miaka 11 hivi alinunua kamera yake ya kwanza, Box Brownie iliyokwisha tumika, kwa shilingi 40. Box Brownie ilikuwa kasha dogo lenye lenzi moja, lisilo na cha kurekebisha. Ukitaka picha nzuri, ilikubidi usogee wewe, kwa maana kamera haikuwa na la kukusaidia.

Akiwa bado mwanafunzi alianza kuuza picha. Mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka 20, alifungua kampuni yake Dar es Salaam, akaiita Camerapix. Januari 1964 Mapinduzi yalipotokea Zanzibar, alivuka bahari na kwenda kupiga picha. Mwaka 1966 alirudi visiwani na kupiga filamu ya mafunzo ya kijeshi. Alikamatwa, akafungwa karibu mwezi mzima, kisha akafukuzwa nchini. Alipoteza mji aliokulia. Akaanza upya Nairobi, na Camerapix ikaanza naye.

Kazi yake kubwa ilikuwa kupiga picha kwa ajili ya Visnews, shirika la habari za picha lenye makao London. Shirika la aina hiyo halina televisheni yake. Hukusanya picha kutoka kwa wapiga picha walioko kila nchi na kuviuzia vituo vya televisheni duniani kote. Siku hizo mpiga picha alimaliza utepe, akauweka ndani ya kopo, akakimbia nao uwanja wa ndege ili uwahi ndege ya kwenda London. Ukiikosa ndege, habari yako imelala.

Tarehe 5 Julai 1969 Tom Mboya, waziri wa Kenya, alipigwa risasi katikati ya Nairobi. Amin alifika haraka, akapiga picha za Mboya akikimbizwa hospitali, yeye mwenyewe akiwa ndani ya gari la wagonjwa. Kazi ya mwaka huo ilimpa tuzo Uingereza kama mpiga picha bora wa habari za televisheni. Akaendelea: mapinduzi ya Uganda ya 1971, hija ya Makka, Ziwa Turkana na watu wake. Alitoa pia vitabu vingi vya picha kuhusu nchi hizi.

Watu waliofanya kazi naye husema siri yake ilikuwa kasi. Mimi nadhani kasi ilizaliwa na jambo kubwa zaidi: alikuwa mwenyeji. Alijua Kiswahili. Alimjua askari wa getini na waziri aliye ndani. Alijua rubani yupi anaondoka saa ngapi. Mwandishi kutoka London alishuka uwanja wa ndege akiwa na maswali. Amin alikuwa na majibu, na namba za simu.

Alfajiri ya Korem

Mwaka 1984 ukame na vita vilikuwa vimeleta njaa kubwa kaskazini mwa Ethiopia. Mashirika ya misaada yalikuwa yameonya, lakini dunia haikusikia. Serikali ya Ethiopia haikutaka waandishi waende huko, na vibali vilikuwa vigumu kupata. Amin, aliyekwisha ingia Ethiopia mara nyingi na kufahamiana na watu wengi, alihangaika hadi vikapatikana. Mwezi Oktoba alifika Korem pamoja na Michael Buerk, mwandishi wa BBC.

Korem iko juu ya nyanda za milima. Mtu wa Lushoto au Mtae hahitaji kuelezwa alfajiri ya huko ilivyo: baridi inayoingia mifupani, ukungu uliolala chini, na mwanga unaokuja polepole bila kivuli. Katika mwanga huo Amin aliikuta nchi nzima ya watu imekaa chini, wamejifunika shuka, maelfu kwa maelfu. Baadhi yao walikuwa wamekufa usiku ule.

Hebu tutazame alichokifanya kama fundi. Kamera yake ilitulia. Iligeuka taratibu kutoka upande mmoja hadi mwingine, ikaacha jicho la mtazamaji lifike kwa kila mtu peke yake, na ukungu ukatufanya tuelewe kwamba wapo wengine zaidi ya mwisho wa macho yetu. Kisha ikasogea karibu, kwenye uso mmoja, mama mmoja, mtoto mmoja. Fremu pana ilionyesha ukubwa wa msiba. Fremu ya karibu ilionyesha mwenye msiba. Angebaki mbali, tungeona umati usio na sura. Angebaki karibu tu, tungedhani ni familia moja yenye bahati mbaya.

Tarehe 23 Oktoba 1984 BBC ilitangaza taarifa hiyo, ya dakika saba hivi. Vituo 425 duniani viliirusha. Waliokuwa wameketi kula wakaacha kula. Wanamuziki wa Uingereza na Marekani wakarekodi nyimbo za kuchangisha, na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid, London na Philadelphia kwa siku moja. Chakula, dawa na ndege zikaenda Ethiopia. Wapo watu walio hai leo kwa sababu mtu mmoja alifika Korem, akapima mwanga, akatulia.

Lakini lipo la pili, na tuliseme kwa uwazi. Picha zile zilibaki vichwani mwa watu wa mbali kwa miaka mingi, na wengi wao wakadhani Afrika yote ni Korem. Hilo si kosa la aliyepiga. Ni hatari ya bara kuonwa kupitia picha chache, za siku moja mbaya. Dawa yake ni kuongeza kamera mikononi mwa wenyeji, ili siku nyingine nazo zionekane: siku za mavuno, za gulio, za mitihani, za mabishano ya kikao cha harusi.

Kwa ufupi: ukubwa wa picha ya Korem ulitokana na sehemu zote tatu za kazi kukutana. Mwanga ulisomwa, fremu ilipangwa, na mtu alikuwepo.

Gharama ya kuwepo

Mwezi Juni 1991, siku chache baada ya serikali ya Mengistu, mtawala wa Ethiopia, kuanguka, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Amin alikuwa hapo akipiga filamu. Mwenzake wa sauti, John Mathai, alifariki. Amin alipoteza mkono wa kushoto.

Kwa mpiga picha mkono wa kushoto ndio unaoshika lenzi. Ndio unaorekebisha umbali na tundu la mwanga wakati mkono wa kulia umebeba uzito. Wengi wangestaafu. Yeye alitengenezewa mkono wa bandia, akajifunza upya kushika kamera, akarudi kazini.

Tarehe 23 Novemba 1996 alipanda ndege ya Ethiopian Airlines kutoka Addis Ababa kurudi Nairobi. Watu watatu waliiteka, wakataka iende Australia, safari ambayo mafuta yake hayakuwepo. Amin alisimama akajaribu kuzungumza nao. Mafuta yakaisha, ndege ikaanguka baharini karibu na ufukwe wa Ngazija, Visiwa vya Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwemo, 125 walikufa, naye akiwa mmoja wao. Alikuwa na umri wa miaka 53.

Ndege ile ilipogonga maji, mtalii aliyekuwa ufukweni alikuwa na kamera ndogo ya video mkononi. Alipiga. Picha hizo zilizunguka dunia nzima, kama zilivyozunguka za Amin miaka 12 kabla. Mwanawe, Salim Amin, ameendeleza Camerapix na kutunza mali ya baba yake: maelfu na maelfu ya picha na saa nyingi za filamu. Bila kasha lile la shilingi 40, sehemu kubwa ya historia yetu kwa picha isingekuwepo.

Ukitaka kuanza, ukiwa Mnazi

Televisheni ilifika Tanzania Bara mwaka 1994 tu, wakati Zanzibar ilikuwa nayo, tena ya rangi, tangu miaka ya 1970. Tulichelewa. Leo kijana wa Mnazi ana simu yenye uwezo ambao Meja Notcutt hakuwa nao na lori zima la mitambo. Kilichobaki ni jicho, na jicho hufundishika. Anza hivi:

- Tazama mwanga wiki nzima bila kupiga. Keti mahali pamoja saa moja asubuhi, saa sita mchana na saa kumi na moja jioni. Angalia kivuli kinavyohama kwenye uso wa mtu.
- Ishike kamera kwa utulivu. Hesabu hadi kumi kabla hujaisogeza. Kutikisa na kuvuta ovyo ndiko kunakoharibu video nyingi za harusi.
- Omba ruhusa, na omba kwa heshima. Mpe mzee shikamoo yake, mweleze unachokifanya, na akikataa, funga kamera. Picha ya kuiba itakufungia milango kumi.
- Piga pana, piga wastani, piga karibu. Tukio lile lile kwa fremu tatu. Mhariri, yaani anayeunganisha vipande kuwa hadithi, atakushukuru.
- Tunza ulichopiga. Weka nakala mbili, kila moja mahali pake, na andika tarehe, mahali na majina.
- Ukipata nafasi, soma. TaSUBa, yaani Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ni miongoni mwa mahali panapofundisha sanaa hii.

Muhtasari wa sura

- Kushika kamera ni kusoma mwanga, kupanga fremu na kuwepo.
- Filamu zilitengenezwa Vugiri, Usambara, tangu 1935, lakini waamuzi walikuwa wageni.
- Raoul Coutard alitumia kilichopo, akaibadilisha sinema ya Ufaransa.
- Mohamed Amin alianza na kamera ya shilingi 40. Uenyeji wake ndio uliompeleka Korem.
- Picha chache haziwezi kubeba maisha ya watu wote. Kazi hiyo ni yetu.

Basi, mama wa kikao cha Mnazi, jibu la swali lako ni hili: ndiyo, ni kazi, na inastahili kulipwa kama ya mpishi.

Na wewe kijana uliyefika hapa ukisoma, nina ombi moja. Chini ya milima hii wapo wazee waliokata mkonge enzi za manamba, waliohesabiwa kwa namba kabla ya kuitwa kwa majina. Wengine wana miaka themanini na zaidi. Wengi wao hawajawahi kuulizwa chochote mbele ya kamera. Nenda kwa mmoja wao wiki hii, asubuhi, kabla jua halijawa kali. Mkalishe ukingoni mwa kivuli, pima mwanga wa uso wake, uliza jina lake kamili, kisha umwache aseme.